Madumu Thelathini ya Upepo

Mama yangu alilizunguka godoro langu jipya mara moja, akainama, akalibonyeza kwa kidole kama anavyobonyeza parachichi sokoni, kisha akaniuliza, "Humu ndani umeweka nini?"

"Upepo, mama."

"Upepo tu?"

"Upepo tu."

Akalitazama tena. "Basi mimi nitalala pale kwako. Wewe lala na upepo wako."

Hivyo godoro nililomnunulia mgeni nikalizindua mwenyewe, na kwa wiki mbili nililala sebuleni kwangu kama mtu aliyekuja kusalimia. Nayaandika haya kwa sababu kila Desemba ikikaribia kuna rafiki ananipigia simu kuniuliza kama haya magodoro ya kujaza upepo yanafaa. Jibu langu ni refu kuliko salio la simu.

Nimepanga chumba na sebule, Kimara. Kitanda ni kimoja, tano kwa sita, na kochi la watu watatu lina ubao katikati ambao kila ndugu yangu aliyewahi kulala Dar anaujua kwa mbavu. Mama alikuwa anashuka kutoka Marangu, Kilimanjaro, kuja kuangaliwa macho. Nililifikiria godoro la sponji la ziada, na ukweli ni kwamba kwa raha ya mgongo lingekuwa bora mara mbili. Lakini sponji ya inchi nane haijui kuaga. Mgeni akishaondoka yenyewe inabaki imeegemea ukuta inakunywa vumbi, na siku moja unagundua umeishi nayo mwaka mzima nyuma ya mlango. Nilitaka kitanda kinachoondoka na mgeni wake.

Kariakoo muuzaji alinisoma kwamba ni Mchaga kabla sijafungua mdomo. "Mangi, hili linajijaza lenyewe, pampu iko humu humu." Alianzia laki na ishirini, tukaachana kwenye tisini na tano. Boksi lilikuwa dogo, naweza kulibeba kwapani, na juu yake palikuwa na picha ya mke na mume wamelala wanacheka. Hapo ndipo nilipopaswa kushtuka. Watu wazima wawili waliolala juu ya kitu hiki hawana nafasi ya kucheka: mzito akigeuka, upepo ulio chini yake unakimbilia upande wa pili na kumrusha mwepesi juu, mzito akitulia, mwepesi anaanza kuteleza kumfuata bondeni.

Jioni ya kwanza nililikunjua sakafuni. Harufu yake ni ile ya kapeti jipya la plastiki. Nikasogeza meza, nikachomoa waya wa pampu, na hapo nikakuta plagi ina pini mbili za mviringo. Ukuta wangu, kama kuta nyingi za nchi hii, una matundu matatu ya mraba. Najua wapo wanaochokonoa tundu la juu kwa kalamu ili mengine mawili yafunguke, na kusema kweli kalamu nilikuwa nimeshaishika, ila mama alikuwa ananiangalia. Saa mbili usiku, maduka ya vifaa vya umeme yameshafungwa.

Godoro lina vali ndogo ya akiba pembeni, yenye kizibo, kwa ajili ya siku umeme haupo. Nikaanza kwa mdomo.

Nilipopuliza mara thelathini hivi kuta zikaanza kucheza. Ukipuliza kwa nguvu na kwa mfululizo unatoa hewa ukaa nyingi mwilini kuliko kawaida, damu inayofika kwenye ubongo inapungua, na kichwa kinakuwa chepesi. Nikakaa chini, nikaanza kupiga hesabu ambayo ilinipasa niipige kabla. Godoro lina urefu wa mita 1.9, upana mita 1.37, unene sentimita 25. Ukipunguza mabonde ya juu na kona zilizopinda, linameza kama lita 600. Kwa lugha ya nyumba yenye mgao wa maji hayo ni madumu thelathini ya lita ishirini. Pumzi moja nzito ya mtu mzima tuseme ni lita tatu, kwa hiyo nilihitaji pumzi mia mbili, na kila moja ingeingia na unyevu wake wa mdomoni ukae humo ndani uote ukungu. Nikaacha.

Mtoto wa jirani, kijana wa kidato cha tatu, akaleta pampu ya baiskeli. Msukumo mmoja wa pampu ile ni kama robo lita. Gawa mwenyewe: misukumo 2,400. Pampu ya baiskeli imeumbwa kuingiza hewa kidogo kwa nguvu nyingi. Godoro linataka hewa nyingi kwa nguvu kidogo. Kijana alisukuma mara sitini, akatazama kona moja iliyoinuka kama sikio, akasema, "Kaka, tulipeleke kwa fundi pancha pale barabarani alipige kompresa."

Bahati fundi alikuwa ameshafunga, maana ile kompresa ingelipasua. Tairi la gari dogo linabeba upepo wa thelathini, yaani paundi 30 kwa kila inchi ya mraba. Godoro hili halifikishi hata paundi moja, na kiungo chake cha plastiki kilichounganishwa kwa joto hakijajengwa kupambana na zaidi ya hapo. Mtu anashangaa nusu paundi inawezaje kumbeba. Inambeba kwa sababu analala. Mtu wa kilo 80 akijinyoosha, nusu paundi ile inamtosha akipata eneo la kumshika lenye ukubwa wa gazeti lililofunguliwa kurasa mbili, na mgongo na makalio peke yake vina eneo hilo. Mtu huyo huyo akikaa ukingoni kufunga kamba za viatu, uzito wote unaangukia mahali padogo, na hapo ndipo anapoisalimia sakafu. Godoro la upepo halikaliwi. Mwambie mgeni wako mapema, hasa kama ana mwili.

Saa tatu na nusu jirani mwingine alirudi kazini, akatuazima adapta. Nikachomeka, nikazungusha swichi kwenye alama ya kujaza. Mlio wake ulikuwa wa mashine ya kusaga inayosikika kutoka kijiji cha pili. Mama akaja mlangoni, mikono kiunoni: "Kumbe umenunua kinu." Baada ya dakika nne godoro likawa limesimama sebuleni, limejaa, halina hata kunyanzi, linajidai. Ndipo alipolibonyeza na kuuliza lile swali.

Usiku ule nililala vizuri mpaka saa nane. Nilipoamka nilikuwa nimelala kwenye bakuli, magoti juu, kiuno karibu na sakafu. Nikajua nimepigwa, nimeuziwa lenye tundu. Asubuhi nililijaza tena, nikalisikiliza kila upande kwa sikio kama daktari, nikapitisha mkono uliolowa maji kwenye viungo vyote. Hakuna kitu. Usiku wa pili lilishuka kidogo tu. Usiku wa tatu, kidogo zaidi ya hapo.

Plastiki yenyewe ndiyo ilikuwa inanyooka. Hii ni PVC, ile ile ya mabomba magumu ya maji yaliyopita ukutani kwako, isipokuwa hii imechanganywa na vilainishi. Ikibebeshwa uzito kwa mara ya kwanza inatanuka, nafasi ya ndani inaongezeka, na upepo ule ule sasa unakaa kwenye nyumba kubwa zaidi. Kwa hiyo godoro jipya linajazwa mchana, linaachwa saa kadhaa, linaongezwa upepo kabla ya kulala, na halilaumiwi mpaka siku ya nne. Pia halijazwi mpaka liwe ngoma. Likijaa kupita kiasi linachosha viungo vyake, na mlalaji anabingirika kama chungwa mezani.

Kuna mambo mengine ambayo boksi halikuyasema. Plastiki haipumui, na Kimara ya Februari haina huruma, kwa hiyo bila kitu kizito chini ya shuka unaamka umelowa mgongo. Mimi natandika blanketi kuukuu kwanza. Shuka lenyewe linahama usiku kucha. Kila ukigeuka godoro linalia nywii, mlio wa kiatu kipya cha raba sakafuni, na mwenye usingizi mwepesi chumba cha pili anajua umegeuka mara ngapi. Halafu chandarua. Kitanda kina miguu na nguzo, chandarua kina pa kushika. Godoro katikati ya sebule linataka kamba moja ifungwe kwenye nondo za dirisha, nyingine kwenye msumari wa kalenda, na ukikichomeka chini ya godoro lenye kilo nne hakishikwi na chochote. Ukijigeuza upande mmoja, upande wa pili unainuka na mbu wanakaribishwa. Niliweka viatu kuzunguka godoro lote kukikandamiza. Mama alipopita kwenda msalani usiku alisema panafanana na mlango wa msikiti siku ya Ijumaa.

Macho yake yalionekana mazima kiasi, akapewa dawa ya matone, akarudi Marangu. Mimi nikabaki na somo la kulifunga.

Kulijaza kuna mwisho unaouona, likisimama umemaliza. Kulifunga hakuna. Unazungusha swichi kwenye alama ya kutoa, pampu inanyonya, godoro linajilegeza na kujilaza kama mbwa aliyeshiba, na unadhani kazi imekwisha. Mle ndani kuna vigawanyo vinavyolipa umbo lake, na upepo unajificha kati yao kwenye mifuko midogo midogo. Ukianza kukunja kutoka upande wa vali umejifungia upepo wote upande wa pili. Inabidi uanzie mbali, upande wa miguuni, ukunje kuelekea kwenye vali huku umepiga magoti juu yake. Na unalizungusha kama mkeka. Mikunjo ya kubana inayorudiwa mahali pale pale inatengeneza mstari mweupe, na huo mstari siku moja utavuja. Kabla ya yote hayo lifutwe na likauke. Jasho la wiki mbili likifungiwa kwenye plastiki ndani ya kabati la Dar linakuwa bustani.

Mara ya kwanza nilijaribu kulirudisha kwenye mfuko wake mara nne. Mfuko ule ulishonwa na mtu aliyeliona godoro kabla halijaonja hewa. Mara ya nne niliubana kwa magoti, nikavuta zipu huku nasali, ikafunga.

Desemba ilipofika nilipanda nalo nyumbani.

Kwa asiyejua: Desemba sisi Wachaga tunapanda. Stendi ya Magufuli kule Mbezi inageuka kuwa kitongoji cha Kilimanjaro, mabasi yanaongezwa, nauli zina tabia zake, na buti zinameza mchele, masufuria, televisheni na jogoo mmoja ambaye hakuna anayekiri kuwa ni wake. Kule juu kila nyumba kwenye kila kihamba, yaani shamba la ukoo, inalaza watu mara tatu ya vitanda vyake. Dada yangu alikuwa anakuja na watoto watatu, kaka na mke wake na mchanga wa miezi minane. Nilijiona mkombozi. Nilikuwa naenda na kitanda begani.

Chalinze, Segera, Mombo, Same. Himo tukashuka, tukaingia Hiace kupanda. Mwenzangu wa siti alikuwa na pakiti ya viazi vya kukaanga iliyotoka pwani, haijafunguliwa, imevimba kama mto. Sikuitilia maanani. Nilipofika kwa mama nikaliteremsha godoro, zipu ya mfuko wake ilikuwa imeachia meno kuanzia juu hadi chini na godoro limetoa tumbo nje. Kilichoivimbisha pakiti ya viazi ndicho kilicholivimbisha godoro. Nililifunga Kimara likiwa na masalia ya upepo ndani na vali nimeikaza, upepo wa usawa wa pwani. Marangu iko mita 1,400 hivi juu, ambako hewa ya nje inakandamiza kwa nguvu pungufu kwa karibu asilimia 15. Masalia yalitanuka, mfuko ulikuwa umeshikilia kwa imani tu, ukashindwa. Huo ndio ulikuwa mwisho wa mfuko.

Mama alitazama godoro, akanitazama mimi. "Umekuja nalo."

"Nimekuja nalo."

Nililijaza saa tisa alasiri, jua likiwaka, nyuzijoto kama 26, nikalikaza vizuri kwa sababu sasa mimi ni mzoefu. Usiku Mlima unavuta shuka lake. Saa kumi alfajiri nilikuwa kwenye bakuli tena, godoro la miezi kumi, lililoshanyooka, halina tundu. Kilichopungua ni joto. Hewa ikipoa inasinyaa, na kushuka kutoka 26 hadi 16 kunaipunguzia zaidi kidogo ya sehemu moja ya thelathini. Kumbuka yale madumu thelathini. Dumu zima la lita ishirini lilikuwa limetoweka na hakuna aliyelimwaga.

Na baridi yenyewe nilikuwa nimeikosea mwelekeo. Nilijifunika mablanketi mawili, nikatetemeka chini yake. Upepo ulio ndani ya godoro unahama: mgongo wako unaupasha, kila ukigeuka unachanganyika na ule uliopoozwa na sakafu ya saruji, na mgongo unaanza kuupasha upya. Sponji inaushika upepo kwenye vitundu vidogo usitembee, ndiyo maana inakutunza. Mama aliingia jikoni kuwasha moto akanikuta nimejikunyata.

"Toa moja hapo juu uweke chini," alisema bila kusimama. "Baridi ya nyumba inatoka chini. Nani hakukufundisha?"

Siku zilizofuata niliwaachia watoto wa dada. Wale watatu walilala mzungu wa nne, wawili vichwa dirishani na mmoja kichwa mlangoni, wakalala kama mawe. Yule mchanga wa kaka tulikataa kata kata, ingawa mama yake alikuwa amechoka na alitaka amlaze hapo japo mchana. Onyo limechapwa kwenye godoro lenyewe, na lina sababu: uso wa godoro unazama, mtoto asiyeweza kujigeuza vizuri anaangukia kifudifudi kwenye kibonde chake na plastiki haimpi pumzi. Akalala kitandani kwa bibi yake.

Mchana, wale watatu waligundua kwamba godoro linarusha. Nilikuwa mgombani na kaka tukisikia vicheko, tukafurahi kwamba watoto wanafurahi. Kisha kikasikika kitu kama nguo nzito ikichanika, na kimya. Mkubwa wao akaja taratibu, mikono nyuma. "Anko, godoro limeota nundu."

Kigawanyo kimoja cha ndani kilikuwa kimeachia. Palipokuwa na bonde na kilima sasa pana kilima kimoja kikubwa, kama kuna mtu amejificha chini. Hili halina fundi, liko ndani, hulifikii bila kulichana godoro. Kuanzia hapo likawa na upande wa mwenye nundu na upande wa wengine, na watoto waligombania upande wa nundu, kwa hiyo labda nilikasirika bure.

Pancha ilikuja tarehe 27. Mtu alikuwa amefagia sebule kwa haraka ya sikukuu, kizibo kimoja cha soda kikabaki chini, meno yakiangalia juu. Saa tisa usiku watoto watatu walikuwa juu ya saruji wamefunikwa na plastiki, hawajaamka hata mmoja. Asubuhi tulilijaza, tukaligeuza, nikachukua sabuni ya unga na maji kwenye bakuli na sponji ya vyombo. Tundu likajionyesha lenyewe, mapovu madogo yakipanda mfululizo kama uji unaoanza kuchemka. Tukalizungushia alama kwa kalamu kabla maji hayajakauka. Shukrani kizibo kilitoboa chini. Juu kuna vile vinyweleo laini kama velveti na kiraka hakishiki mpaka uvikwangue vyote.

Nikalipeleka kwa fundi baiskeli. Akaparuza, akapaka gundi ya tyubu, akasubiri, akabandika kiraka cha mpira, akapiga nyundo kidogo kwa heshima, akakataa nusu ya hela kwa sababu ni sikukuu. Jioni kiraka kilijibanduka chenyewe kama stika. Kosa halikuwa lake. Gundi ile inaoana na mpira wa tyubu, na hii siyo mpira. Baadaye nilisoma jambo lililonichekesha: aliyegundua jinsi ya kuilainisha PVC ni Mmarekani Waldo Semon, mwaka 1926, akiwa kwenye kampuni ya matairi, na alikuwa anatafuta gundi ya kushikiza mpira kwenye chuma. Alitafuta gundi, akapata kitu kinachoikataa gundi ya fundi wangu.

Kiraka halali kilikuwa kwenye kijifuko cha karatasi ya maelekezo, nilichokuwa nakitembeza miezi kumi bila kukifungua. Kipande cha plastiki ya aina ile ile na tyubu ya gundi yenye ukubwa wa kidole cha mwisho. Tuliliondoa upepo lote, tukasafisha, tukakausha, tukabandika, na mama akaleta jiwe lake la kusagia akaliweka juu. Likakaa hapo hadi kesho yake. Kiraka kile hakijatoka mpaka leo.

Mama alikuwa ameanza kulizoea, kwa njia yake. Siku moja tukiwa tunachambua maharage aliniambia kwamba na wao wakiwa wadogo walilalia gunia lililoshindiliwa majani makavu ya migomba. "Lilikuwa linapiga kelele kuliko hili lako. Ukigeuka nyumba nzima inaamka. Na kila baada ya muda yanasagika, unamwaga, unatafuta mengine." Nikamuuliza lipi bora. "Lile lilikuwa na kitu ndani," akasema.

Safari yangu ya kurudi ilikuwa alfajiri, tarehe 2. Hiace ilikuwa inapita njia panda saa kumi na moja na nusu, nami godoro nililalia usiku wa mwisho, kwa hiyo lilikuwa linanisubiri mimi niamke ndipo lifungwe. Nikaamka, nikabonyeza swichi ya taa. Umeme umekatika.

Nilifungua vali zote mbili. Bila pampu upepo hauna haraka, unatoka ukihema. Nikapiga magoti, nikakandamiza, upepo ukahama upande mwingine. Nikahamia upande huo, ukarudi. Niliwaamsha watoto wawili wakajibingirisha juu yake na usingizi machoni, ikasaidia kidogo. Mama alikuja na kibatari, akatusimamia pale tunavyohangaika, akaweka kibatari mezani, akavua kandambili.

"Sogeeni."

Akajilaza juu ya godoro. Chali, mikono pembeni, kitenge amekikaza, mama yangu ambaye kwa wiki mbili Kimara na wiki nzima Marangu hakuwahi kuliwekea hata goti. Upepo ukapigwa na mshtuko, ukatoka kwa mlio mrefu mnene wa ng'ombe anayemwita ndama. Watoto wakaanguka kwa kicheko. Yeye mwenyewe akacheka mpaka kikohozi kikamshika, na kila akicheka godoro linaguna tena, na wale wanaanza upya. Akashuka taratibu nalo mpaka chini.

"Kumbe si baya," alisema akiwa sakafuni.

Tukaanza kulizungusha kutoka miguuni, mimi na yeye, goti kwa goti. Nilikuwa naangalia saa ya simu. Mfuko haukuwepo tena, kwa hiyo akatoka nje gizani akarudi na kamba ya mgomba, ameisokota palepale, bado ina umande. Akalibonyeza lile furushi kwa kiganja.

"Haijaisha. Kaa kidogo, ikalie itoke yote."

"Mama, gari."

"Dakika tano."

"Mama, litaniacha."

Nikakaza vizibo. Alifunga kamba mizunguko mitatu, mguu mmoja ameuweka juu ya furushi, akaivuta mpaka ikazama kwenye plastiki, mafundo yale ya kufungia majani ya ng'ombe ambayo sijawahi kuyaweza. Gari lilinikuta njia panda nikiwa nimekumbatia godoro kama mtoto.

Nilifika Kimara usiku, nimevimba miguu. Niliposhusha furushi kutoka begani kamba ikateleza ikaniangukia kiatuni, mizunguko yote mitatu, mafundo yakiwa salama kabisa. Ilikuwa imelegea njiani tukiwa tunashuka. Nilipiga simu kusema nimefika, nikamweleza.

"Si nilikuambia haijaisha," alisema mama.